Nyumba Zile Mbili

Miaka kumi na saba nafundisha riba, darasa la saba:
mtaji mara kiwango mara muda, gawanya kwa mia.
Mtoto akipata namwekea vema nyekundu.
Akikosa namwambia: umesahau muda.

Siku ya benki, mimi na Sechambo tulivaa kama wapeleka posa.
Milioni arobaini, miaka ishirini.
Kijana wa mikopo, mpole, kucha safi,
akaigeuza karatasi itutazame:
laki tano, ishirini na sita elfu, mia saba na kumi na sita,
kila mwezi.
"Inabebeka, mwalimu?"
Toa unga, toa ada, toa dawa ya presha ya mama mkwe,
inabebeka.
Nikatia sahihi kurasa kumi na moja.
Nilisahau muda.

Tukahama barabara ya kumi na nne kwenda Pongwe,
kitanda, kabati, baiskeli mbili,
mama mkwe mbele na chetezo
akifukiza vyumba vitatu vinavyonuka saruji mbichi
kama anamtoa mwari.

Mwaka wa tano shamba la marehemu baba kule Muheza likauzwa,
michungwa na yote. Mgao wangu milioni tano.
Sechambo akataka uzio.
Wifi akataka kukopeshwa, akacheka, akarudia.
Mimi nikaenda kuuliza deni limebaki kiasi gani.

Tumeshalipa milioni thelathini na moja na laki sita.
Deni: milioni thelathini na saba na laki sita.
Nikamwambia yule kijana, sasa ana kitambi na pete,
mashine yenu imekosea.
"Haijakosea, mwalimu. Mwezi wa kwanza riba ilikuwa laki tano kamili.
Zilizogusa deni ni hizo ishirini na sita elfu."

Bei ya kitasa. Kitasa cha kawaida, bila bawaba.

Usiku nikachukua chaki ya shule
nikachora sakafuni kilicho chetu:
miaka mitano bila kuchelewesha hata senti,
tumenunua choo
na kipande cha korido cha kuendea chooni.
Sechambo akasimama, taulo begani.
"Basi hamisha kitanda," akasema, "tukalale kwetu."
Tukacheka hadi mama mkwe akagonga ukuta.
Kisha hatukucheka.

Kukopa harusi, kulipa matanga, husema watu.
Wamekosea. Matangani watu huja na mchele.

Nikakokotoa mpaka mwezi wa mwisho:
milioni mia moja ishirini na sita.
Nyumba hii mara tatu, na ushei.
Nikatoka nje kuzitafuta zile mbili.
Kiwanja cha jirani ni nyasi na matofali yaliyoota kuvu;
nikaziona hapo, zimesimama,
bati la rangi ya ini kama letu,
mapazia tuliyoyalipia, mtoto wa mtu anakohoa,
wala hakuna mlango unaotazama upande wetu.

Asubuhi nikaipeleka benki michungwa yote ya baba.
Deni likashuka, na muda,
ule ule ninaowagombezea watoto,
ukakatika miaka mitano kwa siku moja.
Sechambo hakusema nami mpaka Ijumaa.
Uzio hatuna. Mbuzi wa Mzee Kihiyo
wanakula mchicha wangu huku wakinitazama usoni.

Nimepiga hesabu upya.
Kule kwenye nyasi imebaki moja na nusu.
Ile nusu haina bati.
Mvua za vuli zikianza usiku nazisikia zikiingia ndani yake,
naamka kutega beseni,
nasimama gizani, beseni mkononi,
katika nyumba isiyovuja.